SOMO: Piga hesabu ya mkopo wa nyumba mpaka rejesho la mwisho, kabla hujasaini

Kila wiki naletewa swali lilelile: "Dada, benki wameniambia rejesho ni laki tisa na kitu kwa mwezi, naliweza, nisaini?" Nimechoka kulijibu kwa mtu mmoja mmoja. Naandika hapa mara moja, na atakayeniuliza tena namtumia huku. Mimi ni mhasibu wa saccos hapa Mwanza. Siuzi mikopo ya benki yoyote na silipwi kamisheni na mtu.

Tutakwenda na mfano mmoja. Nyumba iko Buswelu, unakopa milioni 60, riba asilimia 17 kwa mwaka, miaka 15. Riba za mikopo ya nyumba nchini zimecheza kati ya 15 na 19 kwa muda mrefu, kwa hiyo sijatia chumvi.

Hatua ya 1. Uliza riba ni ya aina gani.
Inayopungua (inapigwa kwenye deni lililobaki) au isiyopungua (inapigwa kwenye mkopo wote mpaka mwisho)? Mtu akikutamanisha na "asilimia 10 tu, miaka 10" halafu ikawa isiyopungua, milioni 60 zako zinazaa riba ya milioni 60 nyingine. Rejesho linakuwa milioni moja kamili kwa mwezi, ambayo ni karibu sawa na asilimia 16 ya riba inayopungua. Kumi imegeuka kumi na sita na hakuna aliyekudanganya, ni wewe hukuuliza.

Hatua ya 2. Zidisha rejesho kwa miezi yote.
Kwenye mfano wetu, kwa riba inayopungua, rejesho la mwezi ni 923,400. Mara miezi 180 ni milioni 166.2. Umekopa 60, riba peke yake ni milioni 106.

Hatua ya 3. Dai jedwali la marejesho, mistari yote 180.
Afisa mikopo atakuonyesha ukurasa wa kwanza kwenye skrini yake na kukugeuzia kompyuta sekunde mbili. Mwambie akuprintie lote. Kisha soma mstari wa kwanza: rejesho 923,400, riba 850,000, deni la msingi 73,400. Yaani kwenye laki tisa uliyokatwa, elfu sabini na tatu tu ndiyo iliyopunguza deni. Shuka mpaka mstari wa 60. Hapo umeshalipa miaka mitano, jumla milioni 55.4. Deni lililobaki ni milioni 53.1. Soma tena hiyo sentensi kabla hujaendelea.

Hatua ya 4. Badilisha miaka, uone kinachotokea.
Mkopo uleule, riba ileile:
Miaka 10: rejesho 1,042,800, jumla milioni 125.1.
Miaka 15: rejesho 923,400, jumla milioni 166.2.
Miaka 20: rejesho 880,100, jumla milioni 211.2.
Ukitoka 15 kwenda 20 unapata nafuu ya elfu 43 kwa mwezi, na nafuu hiyo unailipia milioni 45. Watu wanavutana na benki wiki nzima wapunguziwe nusu asilimia ya riba, halafu wanajaza "miaka 20" kwenye fomu bila kupepesa macho.

Hatua ya 5. Ongeza vinavyolipwa pembeni.
Ada ya kuchakata mkopo, mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu, usajili wa rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Bima uliza kama inalipwa mara moja au kila mwaka, maana ya kila mwaka kwa miaka 15 si hela ndogo. Kodi ya ongezeko la mtaji ni ya muuzaji, ila huku kwetu husukumiwa mnunuzi wakati wa kupatana bei. Malizaneni mapema. Baada ya hapo kuna pango la ardhi kila mwaka na kodi ya jengo, ambayo inakatwa kwenye LUKU.

Hatua ya 6. Jaribu riba ikipanda.
Mikataba mingi ina kifungu kinachoiruhusu benki kubadili riba. Ikitoka 17 kwenda 19, rejesho linakuwa 1,009,700. Kama hiyo elfu 86 ya ziada inakunyima usingizi, umekopa kupita uwezo wako.

Hatua ya 7. Malipo ya ziada. Hapa ndipo pesa ilipo, na hapa ndipo watu wanapoumia.
Kwenye mfano wetu, ukiongeza laki moja tu kila mwezi, mkopo wa miaka 15 unaisha ndani ya miaka kumi na nusu na unaokoa kama milioni 37. Ukipata milioni 3 mwisho wa mwaka wa kwanza ukazitumbukiza kwenye deni, unakata miezi 28 mwishoni na unaokoa kama milioni 23. Hakuna biashara ya dagaa inayozaa hivyo bila kulala ziwani.

LAKINI. Pesa ya ziada benki inaweza kuipokea kwa namna mbili. Ya kwanza, inapunguza deni la msingi siku hiyohiyo. Ya pili, inakaa kama marejesho ya mbele: deni liko palepale, riba inaendelea kupigwa juu ya deni zima, wewe unapumzishwa makato miezi kadhaa. Kuna jirani yangu aliuza shamba lake Sengerema akapeleka milioni 6 kwenye mkopo wake. Miezi sita hakukatwa hata senti, akawa anatusimulia kwa furaha jinsi benki ilivyo na utu. Alipoomba stetimenti akakuta milioni 6 zimegawanywa kama marejesho ya kawaida, na mwisho wa mkopo haujasogea. Alikuwa amejaza karatasi ya kuweka pesa ya kawaida, hakuandika neno jingine.

Kwa hiyo:
– Usipeleke pesa bila barua. Andika: "Kiasi hiki kipunguze deni la msingi leo, rejesho la mwezi libaki lilelile, muda wa mkopo ufupishwe." Gongesha muhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako.
– Usipoandika "muda ufupishwe", wengine wanakupunguzia rejesho na kuacha miaka ilivyo. Unaona nafuu mfukoni, ila sehemu kubwa ya ile milioni 23 uliyotarajia kuokoa inayeyuka.
– Baada ya wiki mbili rudi uchukue jedwali jipya. Kama mstari wa mwisho una tarehe ileile ya zamani, hawajafanya.
– Kabla ya yote hayo, soma kifungu cha kulipa mapema kwenye barua ya ofa. Baadhi ya mikataba ina faini. Ifahamu sasa, ukiwa bado na nguvu ya kubishana.

Hatua ya 8. Mume au mke lazima aridhie rehani ya nyumba ya familia. Ni Sheria ya Ardhi, usimfiche.

Maswali chini.

---

Kijana wa Igoma: Mbona unatutisha? 17% ya milioni 60 ni milioni 10.2. Jumla 70.2. Hiyo 166 umeitoa wapi?

Mwandishi: Asilimia 17 *kwa mwaka*. Hatua ya 2 na ya 3.

Kijana wa Igoma: Sawa ila benki hawakuniambia hivyo.

Mwandishi: Uliwauliza?

Mama Nyasaka: Ahsante dada. Nimeelewa namba ila sijaelewa sababu. Kwa nini mwanzoni riba inakula karibu yote? Ni ujanja wa benki?

Mwandishi: Swali zuri, mama. Hapana, ni hesabu tu. Kila mwezi riba inapigwa kwenye deni ulilonalo siku hiyo. Mwezi wa kwanza unadaiwa 60,000,000. Asilimia 17 gawanya kwa 12, unapata 850,000. Umeleta 923,400, kwa hiyo 73,400 ndiyo inayobaki kupunguza deni. Mwezi wa pili unadaiwa 59,926,600, riba inashuka kwa elfu moja na kidogo, na hiyo elfu moja inahamia upande wa deni. Inakwenda hivyo kinyonga kinyonga. Nusu ya rejesho inaanza kwenda kwenye deni mwishoni mwa mwaka wa 11. Ndiyo maana pesa ya ziada ya mwaka wa kwanza ina nguvu kuliko ya mwaka wa kumi: inaua riba ya miaka yote iliyo mbele yake.

Ukiwa na kompyuta fungua Excel uandike =PMT(17%/12,180,-60000000). Badilisha riba, miezi na mkopo uone mwenyewe. Ukikwama uliza tu, hili nalijibu hata usiku.

Mtumishi, Musoma: Mimi mwalimu. Sheria ya kubakiwa na theluthi ya mshahara si inanilinda nisikope kupita kiasi?

Mwandishi: Inakulinda mwezi huu usilale njaa. Haihusiani na jumla utakayolipa. Tena ndiyo inayowasukuma watumishi kwenye miaka mingi: rejesho la miaka 10 likigoma kuingia kwenye theluthi mbili, afisa anavuta mpaka 20 ili liingie. Likigoma kwa miaka 10, mara nyingi dawa ni kukopa kidogo zaidi, ununue ndogo.

Mzee wa Kirumba: Binti, mimi nina mzigo Mwaloni, dagaa na sangara wa kukausha. Kipato changu hakina mwezi. Mbalamwezi ikikolea mitumbwi ya dagaa inalala, sokoni kunapoa. Nitakatwaje kila tarehe 25?

Mwandishi: Shikamoo mzee. Mambo mawili. Kwanza, usipime uwezo wako kwa mwezi mzuri, chukua stetimenti za mwaka mzima, angalia mwezi mbaya kuliko yote, rejesho liingie humo. Pili, weka akiba ya marejesho matatu kwenye akaunti usiyoigusa kabla ya kuchukua mkopo. Ukichelewa kuna adhabu juu ya riba, na adhabu hiyo haipo kwenye jedwali. Uliza pia kama wanakubali marejesho ya kila robo mwaka, wapo wanaokubali kwa wafanyabiashara. Na miezi ikinoga, Hatua ya 7, na barua yako mkononi.

Mzee wa Kirumba: Marahaba. Wabeja sana.

Bosi Kubwa: Nyie mnajaza maneno. Taja benki yenye riba ndogo nimalize.

Mwandishi: Sitaji.

Bosi Kubwa: Basi somo halina faida.

Mwandishi: Nenda na barua za ofa kutoka benki tatu, kila moja ukiwa umeifanyia Hatua ya 1 hadi ya 5. Utaijua mwenyewe ndani ya nusu saa. Nikikutajia leo, kesho wamebadilisha viwango unarudi kunitukana.

Dada Pasiansi: Benki Kuu ilishusha riba yake. Na yangu itashuka?

Mwandishi: Riba ya Benki Kuu ilianza kutumika Januari 2024 ikiwa 5.5, Aprili ikapanda hadi 6, Julai 2025 ikashuka hadi 5.75. Inaelekeza zaidi gharama za pesa za muda mfupi kati ya benki na benki. Yako inafuata mkataba wako. Tafuta kifungu kinachosema riba inabadilika *kwa kufuata nini*. Kama kimeandika "kwa uamuzi wa benki", ikipanda utasikia haraka, ikishuka itabidi uifuatilie mwenyewe kwa barua.

Fundi Buhongwa: Mfumuko wa bei je? Milioni 166 za miaka 15 ijayo si sawa na za leo.

Mwandishi: Kweli kabisa, na nashukuru umelileta. Laki tisa ya mwaka wa 15 itakuwa nyepesi kuliko ya leo. Lakini mfumuko wetu miaka ya karibuni umekuwa kwenye asilimia 3 na kidogo, riba ni 17. Huo mwanya ni mkubwa mno, mfumuko hauwezi kukulipia. Nchi ambazo wanakopa nyumba kwa 4 au 5 hesabu yao ni nyingine, msichukue ushauri wao wa "chukua miaka mingi kadiri uwezavyo".

Mama Nyasaka: Na nikishindwa kulipa katikati?

Mwandishi: Benki inatakiwa ikupe notisi ya siku 60 kwa maandishi kabla ya kuchukua hatua kwenye nyumba. Usizingoje ziishe. Nenda ukiwa umechelewa mwezi mmoja, uombe mkopo upangwe upya, na ukumbuke kuupanga upya kunaongeza miaka, kwa hiyo rudi Hatua ya 4.

Kijana wa Igoma: Nina kiwanja Kisesa, karatasi ya serikali ya mtaa tu. Naweza kukopea?

Mwandishi: Kwa mkopo wa nyumba wa muda mrefu, hapana. Wanataka hati. Anza na upimaji.

Fundi Buhongwa: Kwa wanaotaka kukopa wajenge badala ya kununua: kilimani huku kwetu kagueni mwamba kwanza. Nimeona mtu mkopo wa ujenzi umeishia kwenye msingi na kupasua mawe, tofali hata moja halijapanda, makato yameshaanza.

Mwandishi: Pigia mstari hilo. Mkopo wa ujenzi hutolewa kwa awamu, na riba inaanza na awamu ya kwanza. Fundi, weka basi makadirio ya kupasua mwamba, watu wayaone.

Fundi Buhongwa: Siwezi kutaja bila kuona kiwanja. Atume picha na aseme ni mtaa gani.