Jinsi ya kuanzisha chuo kidogo cha paradoksi hapa Mwanza

Wakuu, chuo cha namna hii hakihitaji jengo wala ada, tafuta watu wanne watano wanaopenda kubishana bila kugombana, daftari moja na sehemu yenye kivuli, hata pale karibu na Mwaloni Kirumba jioni panafaa sana. Paradoksi ni hivi: kila hatua umeikubali mwenyewe afu mwishoni linatokea jambo ambalo huwezi kulikubali. Kazi yenu ni kuitafuta hatua iliyowapoteza, basi.

Anzeni na fungu la dagaa, mliweke hapo mbele kabisa mlione. Toa dagaa mmoja, bado ni fungu? Bado. Toa mwingine, bado. Wote mmekubali kwamba dagaa mmoja hawezi kulimaliza fungu, haya endeleeni hivyo hivyo mpaka abaki mmoja, je na huyo ni fungu? Aliyetajwa kuanzisha hili ni Eubulides wa Miletus, Mgiriki wa karne ya 4 kabla ya Kristo, yeye alitumia punje za nafaka. Hapa msikimbie jamani, jioni nzima iishie hapa. Mmoja atasema mpaka upo ila hatuujui, mwingine atasema mpaka haupo kabisa, kila mtu aandike kwenye daftari anakataa hatua ipi na kwa nini, maana anayesema tu "hayo ni maneno" hajajibu kitu. Na jambo lenyewe lina uzito, angalia sangara, sheria haikuishia kusema usivue wadogo, ikaweka sentimita 50, ukishachora mstari kwa rula lazima ukubali kwamba wa 49 na wa 50 ni karibu sawa tu.

Zeno, Mgiriki mwingine wa kale, mpitieni haraka: daraja la Kigongo–Busisi ni kama kilomita 3, kabla hujalimaliza uvuke nusu, afu nusu ya iliyobaki, afu nusu tena, eti hufiki. Mpeni kikokotoo anayebisha, 1.5 jumlisha 0.75 jumlisha 0.375 na kuendelea, jumla inaikaribia 3 na haipiti, vipande visivyoisha vinaweza kuwa na jumla yenye kikomo.

Kinyozi anayewanyoa wote wasiojinyoa, na hao tu, je yeye anajinyoa? Akijinyoa hapaswi kujinyoa, asipojinyoa inabidi ajinyoe, kwa hiyo jibu ni kwamba kinyozi huyo hawezi kuwepo. Ila msifikiri yameisha, mwanafalsafa Mwingereza Bertrand Russell aliona mwaka 1901 mkanganyiko wa namna hiyo hiyo kwenye seti, yaani makundi ya vitu kwenye hisabati, na hapo ilibidi misingi ya hisabati iandikwe upya.

"Sentensi hii ni ya uongo" iwekeni mwisho kabisa, maana ikiwa ya kweli basi ni ya uongo, na ikiwa ya uongo basi ni ya kweli. Atakayesema kosa ni sentensi kujisema yenyewe, mpe karatasi imeandikwa mbele "sentensi ya nyuma ni ya kweli" na nyuma "sentensi ya mbele ni ya uongo", hakuna hata moja inayojisema, aanze upya.