Scar hafi kwa makucha: namna ya kuwashinda maadui wa katuni kwenye gemu

Mpwa wangu alinipigia simu saa nne usiku. "Shikamoo mjomba. Scar hafi."

Marahaba. Nikamuuliza amempiga kwa muda gani. Akasema tangu magharibi. Amempiga makucha mpaka kidole gumba kimeota sugu, na yule simba mwovu wa gemu ya The Lion King bado anasimama, anahema, anarudi. Nilicheka peke yangu kitandani, kwa sababu mwaka 1998, kwenye kibanda cha gemu Ngamiani, Tanga, nilitoa shilingi zangu zote za sikukuu kwa swali hilohilo, na hakuna mkubwa aliyenijibu.

Jibu ni hili: Scar humuui kwa kumpiga. Unampiga mpaka achoke, halafu unamrusha kutoka mwambani.

Ukikumbuka filamu yake ya mwaka 1994 inavyoisha, hukupaswa kushangaa. Kule nako Simba, shujaa wa hadithi, hamwui Scar kwa makucha. Wanapambana juu ya mwamba, Scar anatupwa chini, na fisi wake wenyewe wanammalizia. Kampuni ya Westwood Studios ilipotengeneza gemu ya The Lion King mwaka huohuo, ikatolewa na Virgin, waliuacha mwisho ule vilevile. Kwa hiyo somo la kwanza, na karibu yote yanayofuata yametoka humo, ni kwamba adui wa katuni anaingia kwenye gemu na tabia yake mfukoni. Mvivu kwenye katuni atakuwa mvivu kwenye gemu. Anayejigeuza atajigeuza. Ukimjua kwenye katuni, umeshamjua nusu.

Hakikisha kwanza adui wako yumo

Usicheke. Nyumbani tulikuwa na TV gemu, zile za kuchomeka kaseti, pedi zake waya mfupi kiasi kwamba unacheza pua imegusa kioo. Tulikuwa na Lion King yake. Kaka yangu alikuwa anasimulia kwa watoto wa barabara ya kumi na mbili kwamba mwisho unapigana na Scar, mwamba unawaka moto. Nikacheza, nikacheza, nikamaliza. Scar hakuonekana. Nikamwita kaka mwongo mbele ya watu, nikapata kofi.

Kumbe sote tulikuwa na haki. Yeye alikuwa ameiona ya mashine ya Sega kwa rafiki yake. Yetu, ile iliyotolewa kwa mashine ya NES, Ulaya mwaka 1995, inaishia steji ya Hakuna Matata. Simba hakui, harudi nyumbani, Scar anaendelea kutawala kwa raha zake. Kama unataka kumpata Scar, tafuta ya Sega au ya Super Nintendo, yenye steji kumi. Ukiona Simba amekuwa na manyoya ya shingoni, umo njiani.

Jifunze kwa fisi

Steji ya tatu, makaburi ya tembo, ndiyo darasa. Simba bado mtoto. Fisi anakuja mbio, anaruka, na ukimrukia mgongoni wakati huo unaumia wewe. Watoto wengi hapa wanabonyeza kila kitu kwa pamoja na kufa. Usifanye kitu. Mkwepe. Muache aruke mara mbili, tatu, mpaka asimame ulimi nje akihema. Hapo ndipo unamrukia.

Watengenezaji wamekuambia kanuni ya Scar steji saba kabla hujamwona: subiri achoke.

(Hapa niseme jambo la nyumbani. Mmoja wa fisi wale kwenye filamu anaitwa Shenzi. Mama alikuwa jikoni, akasikia mimi na kaka tunapiga kelele sebuleni "Shenzi! Shenzi huyo!" Alikuja na mwiko. Kumweleza kwamba hilo ni jina, na kwamba Wazungu ndio waliompa, ilikuwa kazi kubwa kuliko steji yoyote. Ndivyo tulivyo sisi na katuni ile: Wamarekani wanasikia majina, sisi tunasikia maneno. Pumbaa, yule ngiri, amepumbaa kweli. Na Scar mwenyewe ni kovu, ambalo waliligeuza kuwa jina la simba mwingine kwenye filamu ya pili.)

Sasa Scar

Steji ya kumi, Pride Rock, ule mwamba wa kifalme. Usimtafute kwa pupa, maana yeye hapigani kama mwanaume. Kwenye filamu kazi zake nyingi anawatuma wengine, na akibanwa anasingizia. Kwenye gemu anapigana kidogo, anakukimbia, unamkuta tena juu zaidi. Kila anapokimbia, weka pedi mapajani, pumua. Ukimfukuza kwa hasira utaingia kwenye moto au utadondoka, na laifu zako zitaisha bure.

Mkikutana uso kwa uso, usisimame mbele yake muda mrefu. Mpige, toka. Mpige, toka. Ukipigana naye kifua kwa kifua atakuzidi, maana yeye hachoki kidole.

Mkifika juu kabisa, fanya mambo mawili tu. La kwanza, mchoshe, kama ulivyomchosha fisi. La pili, akishachoka, mshike na kumrusha, naye awe upande wa ukingo. Ukimrusha katikati ya mwamba ataanguka, atainuka, mtaanza upya. Mpwa wangu alikuwa hajui kabisa kwamba Simba mkubwa anaweza kurusha mtu. Vitufe vya kurusha si vilevile kwa mashine zote, kwa hiyo usiende kuvitafuta mbele ya Scar. Vitafute steji za kabla, Simba akishakua, kwa fisi wa kawaida asiye na haraka. Mrushe huyo mara kumi mpaka mkono ujue wenyewe bila kuuliza kichwa.

Nilimwambia hayo kwa simu. Dakika ishirini baadaye akanitumia ujumbe wa sauti, hakuna maneno ndani yake, makelele tu, na dada yangu nyuma akimwambia alale.

Wale nyani

Wengi hawafiki kwa Scar kwa sababu ya steji ya pili. Kule hakuna adui mwenye jina. Kuna nyani wanaokurusha kutoka mti hadi mti, na mbuni wa kumpanda. Nyani wa waridi wakiungurumiwa wanageuka, na wakigeuka wanakurusha kwingine. Usiungurume ovyo. Mungurumie mmoja, jirushe uone unakotua, kisha rudi kwa mwingine. Kwa mbuni, kuna mahali pa kuinama na mahali pa kuruka mara mbili, na utapajua kwa kufa.

Ugumu huo si bahati mbaya. Louis Castle, mmoja wa waanzilishi wa Westwood, alieleza miaka mingi baadaye kwamba Disney walitaka gemu isimalizike kirahisi, kwa sababu Marekani watu walikuwa wanakodi kaseti kwa siku chache, wakimaliza hawanunui. Kwa hiyo steji ya pili ikakazwa. Mimi wa Ngamiani, niliyekuwa nalipa kwa nusu saa, nililipishwa kosa la wakodishaji wa Marekani. Adui halisi wa gemu ile alikuwa amekaa ofisini.

Wengine, kwa tabia zao

Fat Cat, yule paka mnene wa gemu ya Chip 'n Dale ya kampuni ya Capcom, mwaka 1990. Kwenye katuni ni bosi anayekaa. Kwenye gemu pia amekaa, mkubwa kama ukuta, anakung'utia majivu ya sigara yake. Tazama majivu, usimtazame yeye. Yakishapita, mtupie mpira, rudi mahali pako. Mkicheza wawili mtanyang'anyana mpira na kurushana ninyi wenyewe, maana Chip anaweza kumbeba Dale na kumtupa. Undugu mwingi umevunjikia pale.

Jafar, mchawi wa Aladdin, anataka maandalizi. Mwaka 1993 zilitoka gemu mbili tofauti kabisa zenye jina hilohilo: ya Sega ilitoka Virgin, na Aladdin anashika upanga; ya Super Nintendo ilitoka Capcom, na hana upanga, anaruka juu ya vichwa vya watu. Zote mbili Jafar anafanya alichofanya kwenye filamu, anajigeuza joka. Kwa ile ya Sega, upanga wako mzuri hautakusaidia pale mwisho. Ni matufaha. Anakuvuta kwa uchawi wake, wewe unakimbia kinyume na kumtupia. Kwa hiyo tangu steji za mwanzo acha kutupia tufaha kila mlinzi unayemwona. Yule anayefikiwa na upanga, mmalize kwa upanga. Nimewaona vijana wanafika kwa Jafar mikono mitupu, na sina la kuwaambia zaidi ya pole.

Shredder, adui wa wale kobe wapiganaji (Ninja Turtles), kwenye Turtles in Time ya Super Nintendo, ndiye aliyenifanya nione kwamba mchezo wa kurusha haukuanza na Scar. Kuna mahali amepanda mtambo wake, amekaa upande wa huku, upande wa kioo, na wewe upo kule mbele yake. Rungu halimfiki. Askari wake wanaendelea kuja. Unafanyaje? Unawashika haohao askari na kuwarusha kuelekea kwenye kioo cha televisheni, wanampiga yeye. Mtu aliyezoea kujikinga kwa askari wake anapigwa na askari wake. Nani aliyefikiri hivyo pale Konami, kampuni iliyoitengeneza, nampa mkono.

Zinapatikana wapi leo

Huna haja ya kufufua mashine ya zamani, ingawa ukiniletea nitaitazama. Za bata (DuckTales, nitaifikia) na panya (Chip 'n Dale) zilikusanywa mwaka 2017 kwenye The Disney Afternoon Collection. Aladdin na The Lion King zikaja pamoja mwaka 2019, za kobe mwaka 2022 kwenye The Cowabunga Collection. Uzuri wake ni kitufe cha kurudisha nyuma. Umedondoka mwambani? Unarudisha kama mkanda. Ile ya Lion King ina pia njia ya kutazama gemu ikijicheza yenyewe, halafu unashika pedi unapopenda. Mpwa wangu anaitumia. Mimi nimeamua kutoitumia, na sababu zangu ni za kizee tu.

Usiweke pedi chini mapema

Hili nimelibakiza kwa sababu bado linaniuma. DuckTales ya Capcom, 1989. Unacheza kama Scrooge McDuck, sisi tulimwita Mzee Bata, na silaha yake ni bakora: unaruka, ukiwa hewani unashika chini pamoja na kitufe cha B, na anadundadunda juu ya bakora kichwani kwa watu. Magica De Spell unamkuta steji ya Transylvania. Mchawi yule anajigeuza ndege, anapaa, anarudi umbo lake na kukurushia uchawi. Msubiri arudi chini, umdundie kichwani, uondoke.

Ukishakusanya hazina tano, ikiwemo almasi ya migodi ya Afrika (mlango wake umefungwa, na ufunguo uko Transylvania, usiniulize nani aliupeleka huko), unarudishwa Transylvania kwa Dracula Duck. Anakuja na popo wake. Nilimdunda Jumapili moja mchana, sebule imejaa, watoto wa jirani wamening'inia dirishani. Alipolipuka niliinua mikono juu. Nikaweka pedi sakafuni, nikasimama, nikapeana mikono na watu wawili.

Kwenye kioo kamba ilikuwa inaning'inia. Hazina ilikuwa juu. Na Flintheart Glomgold, yule bata mwenye wivu ambaye gemu nzima hakuwa na kazi ya maana, alikuwa anaiwahi pamoja na Magica. Kazi yako pale ni kuacha sherehe, kuishika kamba na kumtangulia, basi.

Niliruka kuichukua pedi, waya mfupi, mashine ikavutika mezani. Glomgold akafika juu. Kaka akanyoosha mkono bila kusema kitu, na kwa sheria ya nyumbani pedi ikahama.