Kuwakinga wazee na wagonjwa wa kudumu mlipuko wa ugonjwa ukiingia kambini

Ugonjwa wa kuambukizwa kwa hewa ukiingia katika kambi ya wakimbizi, kama UVIKO-19 mwaka 2020, usitegemee kila mtu akae ndani. Maji yanafuatwa bombani, mgao unapangiwa foleni. Kinachowezekana ni kuwakinga wachache ambao ugonjwa ukiwapata huenda wasiamke: wenye miaka 60 na zaidi, wenye kisukari, shinikizo la damu, maradhi ya moyo au ya mapafu, na walioshuka kinga ya mwili.

Anza na kaya yenyewe. Watengee chumba kimoja au hema moja. Nafasi ikikosekana, majirani wabadilishane: wazee wa kaya mbili tatu walale hema hili, vijana wahamie lile. Wasizidi kumi, na kila mmoja apate angalau mita za mraba 3.5. Jengo kubwa la wazee arobaini huwavutia sana wasimamizi kwa sababu ni rahisi kulihesabu, lakini virusi vikipenya mara moja tu, vimewakuta wote pamoja.

Wakubali wenyewe. Ukiita "karantini", watu wataficha wazee wao. Na kabla ya kumhamisha bibi, uliza nani anabaki na wajukuu anaowalea. Bila jibu, atatoroka usiku, na ana haki.

Mlezi awe mmoja, mzima, asiye katika kundi la hatari, na ikiwezekana alale humohumo. Mlezi anayeshinda sokoni na kurudi jioni ndiye mlango wa ugonjwa. Funga kamba mita 2 kutoka mlangoni, weka meza hapo. Aletaye chakula anakiweka mezani, anarudi nyuma, ndipo mlezi anakichukua. Wageni wazungumze wakiwa nje ya kamba. Kunja turubai pande mbili zinazotazamana ili hewa ipite. Hema lililofungwa kwa sababu ya baridi linaharibu kazi yote.

Mpango mwingi hufia chooni. Choo cha peke yao ni bora. Kikikosekana, wapewe saa yao alfajiri baada ya choo kusafishwa, na asiyeweza kutembea apewe ndoo yenye mfuniko. Maji yasipungue lita 15 kwa mtu kwa siku, yaletwe hadi kwenye kamba.

Kwa kunawa mikono, sabuni na maji yanatosha. Sabuni ikikosekana, changanya kijiko kimoja cha chakula (gramu 15) cha klorini ya unga ya asilimia 70 katika lita 20 za maji: hiyo ni asilimia 0.05. Kwa sakafu na vyoo, vijiko kumi kwa lita hizohizo, yaani asilimia 0.5. Andika ndoo zote mbili kwa herufi kubwa, maana zikibadilishana ngozi itababuka. Changanya upya kila siku na uweke kivulini; jua huua klorini.

Dawa za kisukari na presha zitolewe za mwezi mzima, zipelekwe na mhudumu wa afya. Mzee akikosa dawa kwa sababu amekingwa, tumemuua kwa njia nyingine.

Kila asubuhi mhudumu asimame kwenye kamba aulize homa, kikohozi, kupumua. Mwenye dalili atolewe saa hiyohiyo, asisubiri kipimo, apelekwe mahali palipoandaliwa tangu siku ya kwanza. Waliobaki wasichanganywe na kundi jingine, na mlezi wao asivuke kwenda kuhudumia hema la pili.