Mwanao akianza SMP Depok: mwachie awe na wenzake

Wazazi wenzangu mnaohamia Depok, mji ulio jirani na Jakarta nchini Indonesia, kwa masomo au kazi, haya ni kwa wenye watoto wa miaka 12 hadi 15. Wataingia SMP, yaani sekondari ya chini ya huku, darasa la 7 hadi la 9. Mimi ni mama wa Tanga, binti yangu yuko darasa la 8, na ninachowasihi ni hiki: msimfungie mtoto ndani baada ya shule. Lugha, marafiki na kujiamini vyote anavipata barabarani na wenzake.

Sare isikusumbue. Ni shati jeupe na sketi au suruali ya bluu iliyokolea, pamoja na batiki ya shule na sare ya kahawia ya Pramuka, skauti wao, kila moja na siku yake. Kuhusu rangi ya viatu, uliza shuleni kabla hujanunua. Mkoba mwachie achague mwenyewe, maana hapo ndipo kila mmoja anapoweka alama yake: beji, vidoli, minyororo ya funguo.

Kengele ikilia wanakwenda nongkrong, yaani kupiga kijiwe. Kijiwe chenyewe ni kibanda jirani na shule. Mpe hela ya kununua cilok, vidonge vya unga wa muhogo vinavyochovywa kwenye mchuzi wa karanga, au seblak, krupuk (vipande vikavu vya unga, kama chipsi) zilizopikwa zikalainika kwa kencur, mzizi wa jamii ya tangawizi, na pilipili. Seblak huagizwa kwa ngazi za ukali. Aanze ya chini kabisa, hata kama kwenu mnakula pilipili. Simu zitatoka, watacheza Mobile Legends, mchezo wa simu wa timu za watu watano, na hapo msimwite mtoto nyumbani katikati ya mchezo. Anawaangusha wenzake wanne. Mtu mzima akipita, mfundishe salim: anapokea mkono na kuugusisha kwenye paji la uso. Asiyefanya hivyo huonekana kama mtoto wa kwetu anayepita wazee bila shikamoo.

Mavazi ya wikiendi ndiyo yanayonifurahisha zaidi. Mwaka 2022 vijana wa Citayam na Bojonggede, vitongoji vya jirani, na hapa Depok walipanda treni hadi Dukuh Atas, katikati ya Jakarta, wakageuza kivuko cha waenda kwa miguu kuwa jukwaa la mitindo. Watu wakaita Citayam Fashion Week. Wengi walikuwa watoto wa familia za kawaida waliovaa nguo za bei ndogo, na jiji zima likaja kuwatazama. Mimi nawaheshimu sana kwa hilo. Mwanao akitaka kuvaa hivyo, usimpeleke kwenye maduka makubwa. Nenda naye Pasar Senen, soko la Jakarta, kwenye mitumba, macho yako ya Tanga yanajua kuchagua. Mkatie kadi ya treni. Nauli ni rupia 3,000 kwa kilomita 25 za kwanza.

Mwezi wa Ramadhani kutakuwa na bukber, kufuturu pamoja kidarasa. Aende, hata kama si Mwislamu.

Sasa penye kukaza kamba. Pikipiki: leseni ni kuanzia miaka 17, lakini utaona watoto wa SMP wakiendesha, tena bila kofia. Mkatalie kuendesha, na mkatalie kupakiwa na mwenzake. Jambo la pili ni tawuran, mapigano ya shule na shule. Mwambie wazi kwamba akisikia kundi linapanga kwenda mahali "kuwasubiri" wengine, anaondoka na kukupigia simu, na wewe unamfuata bila kumgombeza. Kumbuka pia kwamba tangu Juni 2025 mkoa wa Jawa Barat, ambao Depok imo, umewazuia wanafunzi kuwa nje kuanzia saa 3 usiku hadi saa 10 alfajiri.

Mwisho wa darasa la 9 kuna coret-coret: wanapuliziana rangi kwenye mashati na kusainiana. Shule nyingi hazipendi. Mimi ningemruhusu kwa shati moja, lile lililochakaa. Mengine yafueni, myapeleke shuleni wapewe wa darasa la 7.