Kabla hujamtaja buibui kwa jina: mambo ya kuzingatia

Masika yakishakatika, mashamba ya huku Muheza, mkoani Tanga, hujaa tando. Alfajiri, umande haujakauka, kila kichaka cha mchaichai na kila kamba ya kuanikia nguo utaikuta imetandwa. Ndicho kipindi ambacho simu yangu haitulii. "Shikamoo mwalimu, huyu ni buibui gani? Ana sumu?" Nikifungua picha naona kitu cheusi chenye ukungu, kimepigwa kutoka mbali, au kimeshapondwa kwa kandambili na miguu imejikunja. Kwa picha ya namna hiyo hakuna anayeweza kukujibu kwa haki. Ndiyo maana naandika haya, kwa yeyote anayetaka kuwatambua buibui wa nyumbani na shambani kwake.

La kwanza ni kuacha kukimbilia rangi. Najua rangi ndiyo inayoonekana mwanzo, lakini ndiyo inayodanganya kuliko vyote. Yupo buibui mdogo anayekaa juu ya maua, kundi la Thomisus, anayeweza kuwa mweupe leo na baada ya siku kadhaa akawa wa njano kwa kufuata ua alilokaa. Dume na jike wa aina moja wanaweza kutofautiana kiasi kwamba utaapa ni viumbe wawili wasiohusiana. Kwa hiyo ukimwona buibui, jiulize kwa mpangilio huu: yuko wapi? Ametanda nini, au hakutanda kabisa? Amekaaje? Macho yake yamepangwaje? Rangi iwe ya mwisho. Na kabla ya hayo yote hakikisha ni buibui kweli: miguu 8, mwili wa sehemu mbili, kichwa na kifua vikiwa kitu kimoja na tumbo likifuata nyuma, bila mbawa wala vipapasio. Ukihesabu miguu 6, huyo ni mdudu mwingine.

Vifaa si vya gharama. Tafuta tochi ya kuvaa kichwani, chupa ya plastiki yenye kuangaza pamoja na kifuniko chake, kipande cha karatasi ngumu, rula fupi, daftari na kalamu. Simu yenye kamera inatosha, ila jizoeze kwanza kupiga picha ya kitu kidogo kama punje ya mchele mpaka itoke safi, maana buibui hatakusubiri ujifunze. Chupa ya kupulizia maji, ile ya kunyunyizia nguo wakati wa kupiga pasi, itakusaidia sana kuuona utando mchana wa jua: puliza ukungu mwepesi tu na nyuzi zote zitajitokeza. Wapo wanaorushia unga. Mimi sipendi, kwa sababu unga unamharibia mwenyewe kazi ya usiku mzima. Vaa viatu vya kufunika mguu na suruali ndefu. Huku kwetu ukiinua gogo ukitafuta buibui unaweza kukutana na nyoka, kwa hiyo gogo liinuliwe upande wa mbali kuelekea kwako, ili lenyewe likukinge, kisha lirudishwe lilivyokuwa.

Anza ndani ya nyumba, ndimo darasa lilimo. Kwenye pembe za dari kuna yule mwenye miguu mirefu myembamba kama uzi na mwili mdogo kama punje ya mpunga, kwenye utando uliovurugika. Mguse kwa ncha ya ufagio: atajitikisa kwa kasi mpaka umwone kama kivuli. Hiyo pekee inatosha kumtambua kuwa wa jamii ya Pholcidae. Jike hubeba mayai yake mdomoni, yameshikana kama kishada kidogo. Nimesikia watu wakidai huyu ana sumu kuliko buibui wote ila meno yake ni mafupi tu. Si kweli, msimuue kwa hilo.

Ukutani hukaa mwingine aliyebapa kana kwamba amepigwa pasi, wa jamii ya Selenopidae. Hana utando. Ukimsogelea huchomoka upande kama kaa na kuingia kwenye ufa ambao hata kadi ya simu haipiti. Vile viduara vyeupe kama karatasi unavyovikuta vimebanduliwa nusu ukutani au nyuma ya fremu ya picha, mara nyingi ni vifuko vya mayai vya hawa. Sisi utotoni tulikuwa tunavibandua na kubandika kwenye jeraha kuzuia damu. Tafadhali, msiwafundishe watoto hivyo. Kitu kilichokaa ukutani miezi kadhaa kimejaa vumbi na vijidudu.

Yule mkubwa anayetisha akina mama bafuni, mwenye upana wa kiganja, wa kahawia, na ukanda wa rangi ya maziwa juu ya mdomo, ni Heteropoda venatoria. Huyu si mwenyeji hasa. Asili yake ni Asia, na amesambaa ukanda wote wa joto pamoja na mizigo ya meli. Pwani ameshakuwa jirani wa siku nyingi. Chakula anachokipenda ni mende, na ukimwona jike amekumbatia kitu bapa cha duara chini ya kifua, ni kifuko cha mayai. Mfunike kwa chupa, pitisha karatasi chini, mtoe nje. Wazee wengi wa pwani hukataza kabisa kumuua buibui, kwa kukumbuka kisa cha pango la Thawr na utando uliomsitiri Mtume. Mimi nimelelewa na katazo hilo na namshukuru bibi yangu kwa kulishikilia.

Toka sasa upenuni, pale bati linapokutana na ukuta. Hapo yupo ninayempenda kuliko wote, Nephilingis cruentata, na ningeomba umtazame kwa utulivu. Mchana utaona utando mkubwa umeegemezwa ukutani, na juu yake bomba la hariri limeingia kwenye kona. Jike amejificha humo, ncha za miguu tu zinaonekana. Rudi saa mbili usiku ukiwa na tochi. Atakuwa ameshuka katikati ya utando, mwili pekee unapita sentimita 2, miguu ina pingili za giza na kahawia. Jisogeze umtazame kwa upande wa tumbo: katikati ya mizizi ya miguu ana bamba jekundu kama kaa la moto. Hiyo ndiyo alama yake. Kisha mulika kingo za utando. Kile kibuibui kidogo unachodhani ni mtoto wake mara nyingi ni dume. Tazama vile viungo viwili vifupi vya mbele, vimetuna kwenye ncha kama mtu aliyevaa glavu za ngumi. Dume aliyekomaa wa buibui yeyote hutambulika hivyo.

Shambani mambo ni mengi na sitayamaliza. Argiope hukaa katikati ya utando kichwa chini, miguu ameipanga miwili miwili ikafanya herufi X, na kwenye utando ameshona nyuzi nyeupe za kwenda na kurudi mfano wa mshono wa cherehani. Gasteracantha ni mdogo, tumbo gumu kama gamba la kaa, limezungukwa na miiba. Hutanda katikati ya njia, usawa wa uso, kwa hiyo tembea na kijiti mbele yako. Kwenye kichaka kikubwa ukiona utando unaong'aa rangi ya dhahabu jua likiupiga, ni jamii ya Trichonephila. Rangi hiyo ni ya hariri yenyewe. Jamaa yao wa Madagaska walikamuliwa hariri, zaidi ya buibui milioni 1, kikafumwa kitambaa cha dhahabu ambacho hakikutiwa rangi hata tone, na mwaka 2009 kikaonyeshwa kwenye makumbusho ya New York.

Mwembe usiupite. Mjukuu wangu ndiye aliyenifanya nisimame mwaka jana: "Babu, mbona gome lina mikia miwili?" Nikatazama, sioni kitu. Akaninyooshea kidole karibu kabisa ndipo nikamwona Hersilia, bapa, rangi ileile ya gome na ukoga wake, kichwa chini, na nyuma ya tumbo vijimirija viwili virefu vya kutolea hariri. Sisimizi alipopita, buibui akamzunguka mbio akimfunga nyuzi, mara nne au tano, na sisimizi akabaki amebandikwa kwenye mti. Yote yalikwisha kabla sijatoa simu mfukoni.

Usiku, kwenye majani mafupi, iweke tochi usawa wa macho yako, si kiunoni. Nukta za kijani zitakazokurudishia mwanga, nyingi kama umande, ni macho ya buibui wanaowinda ardhini, jamii ya Lycosidae. Wana macho mawili makubwa mbele, mawili juu nyuma yake, na manne madogo kwa mstari chini. Jike huburuta kifuko cha mayai nyuma ya tumbo, na watoto wakitoka huwabeba mgongoni. Ukimkuta hivyo usimguse, watatawanyika na wengine hawatarudi.

Jambo ambalo watu hulisahau ni kwamba mahali ulipo ni sehemu ya jina. Kuna buibui mrukaji wa milimita 5 hivi, Evarcha culicivora, dume lake lina uso mwekundu. Huyu huchagua mbu jike walioshiba damu, na hasa Anopheles, wale wanaoeneza malaria. Wachanga wake humtambua Anopheles kwa anavyotua akiwa ameinua tumbo juu. Watafiti wa ICIPE, kituo cha utafiti wa wadudu, kule Mbita, Kenya, wamemchunguza kwa miaka mingi, wakaona hata harufu ya soksi zilizovaliwa humvuta. Habari zake zikienea, nililetewa picha za kila buibui mrukaji wa Tanga kwa jina lake. Lakini anajulikana kutoka maeneo ya Ziwa Victoria. Wa ukutani kwako huku pwani yaelekea ni mwingine, hata kama naye ana yale macho mawili makubwa ya mbele na hukugeukia kukutazama.

Sasa wale wa kuwa nao macho. Wa kwanza ni Latrodectus geometricus. Tumbo lake ni mviringo kama punje ya njegere, kahawia, miguu ina pingili, na chini ya tumbo ana alama ya rangi ya chungwa yenye umbo la saa ya mchanga. Utamtambua upesi zaidi kwa vifuko vya mayai: vimpira vyenye vichokoo vidogo pande zote. Hutanda ovyo, chini kabisa: chini ya kiti cha plastiki, kwenye mdomo wa ndoo isiyotumika, nyuma ya tenki. Kabla ya kuinua kiti kilichokaa nje wiki nzima, kipindue utazame. Kung'uta mabuti kabla ya kuvaa. Wa pili ni Loxosceles, mkimya, mwembamba, hujificha nyuma ya maboksi. Ana macho 6 yaliyokaa mawili mawili, na kuumwa naye kunaweza kuacha kidonda. Wa tatu ni yule mkubwa mwenye manyoya anayekaa shimoni. Milima ya Usambara inajulikana kwa Pterinochilus murinus wa rangi ya chungwa, mgongoni ana mistari iliyotawanyika kama miale ya jua. Ukimchokoza huinua miguu ya mbele na kuonyesha meno, na meno hayo yanaelekea chini sambamba, hayakutani kama koleo. Akiuma, maumivu na mikazo ya misuli vinaweza kukusumbua siku kadhaa. Shimo lenye hariri mdomoni usitie kidole wala kijiti.

Mtu akiumwa, osha kwa maji na sabuni, weka kitambaa cha maji baridi, na tulia. Usichanje, usinyonye, usifunge kamba, usipake mafuta ya taa. Tumbo au kifua kikikaza, jasho likimtoka, akitapika au akipumua kwa shida, mpeleke hospitali bila kungoja asubuhi, na mtoto au mzee mpeleke mapema zaidi. Nenda na picha ya buibui kama ipo. Lakini ile michirizi ya malengelenge unayoamka nayo shingoni, ambayo huambiwa "buibui kakukojolea", mara nyingi ni kazi ya mdudu mwembamba mwekundu na mweusi wanayemwita nairobi flai. Hakuumi, ukimponda juu ya ngozi ndipo sumu yake inapokuunguza. Mpulize aruke, usimpige kofi.

Ukipanga kwenda msitu wa hifadhi kama Amani, ulizia mapema kibali na kiingilio, na chukua mwongozaji wa pale, macho yao yameshazoea. Buibui usiwatoe msituni, hata ukikutana na mtu anayenunua. Jike wa shimoni huchukua miaka kukomaa, na akishachimbuliwa shimo lile hubaki tupu.

Na picha ukinitumia, ziwe tatu: mgongoni, kwa mbele usawa wa macho, na tumboni ikiwezekana, rula au sarafu ikiwa kando yake. Andika tarehe, saa, mahali, alikuwa juu ya nini, na utando ulikuwaje. Halafu mwachie arudi alipokuwa.