Kabla ya Kuomba Leseni ya Pombe ya Hoteli, Itafute Chekechea Kwanza

Ukisema unafungua hoteli yenye baa, kila mtu atakuambia habari za friji, kaunta na mpishi. Mimi nakuambia toka nje ya geti, uzunguke mtaa mzima kwa miguu, nyuma ya nyumba pia.

Usajili wa biashara, PIN ya KRA (namba ya mlipa kodi), vyeti vya afya vya wafanyakazi, mkataba wa kupanga: uwe navyo, sitavizungumzia. Ila usichanganye kibali cha biashara cha kaunti na leseni ya pombe. Cha kwanza hakikuruhusu kuuza hata chupa moja ya bia. Na usinakili fomu ya binamu yako wa kaunti nyingine. Hapa Kenya, tangu Katiba ya 2010, leseni za pombe ni kazi ya kaunti, na kila kaunti ina sheria yake na ada zake.

Sasa umbali. Sheria ya kitaifa ya kudhibiti vileo ya 2010, ile watu wanaiita sheria ya Mututho kwa jina la mbunge aliyeileta, inataka mahali pa kunywea pombe pawe angalau mita 300 kutoka chekechea, shule ya msingi, ya upili au taasisi yoyote inayofundisha walio chini ya miaka 18. Usijidanganye kwamba wewe ni hoteli, si baa. Kama mgeni atakunywa hapo hapo, mita hizo zinakuhusu.

Dada yangu mkubwa alizijua mita 300 kwa kichwa. Alikuwa amechukua jengo la ghorofa moja kwenye mji mdogo huku Pwani, vyumba kumi na viwili juu, mgahawa chini. Shule ya msingi iliyokuwa karibu ilikuwa mbali vya kutosha, tukalala usingizi. Nyuma ya ukuta wetu kulikuwa na ukumbi wa kanisa, na kila asubuhi tulisikia watoto wakiimba a, e, i, o, u. Tulipendezwa, nasema kweli. Fundi wa kaunta alikuwa akipigia msumari ule mdundo wao. Hakuna aliyejiuliza watoto wale walikuwa wanafanya nini pale siku tano kwa wiki.

Maombi yetu ya leseni yalipotangazwa, wazazi wa watoto wale wakaleta pingamizi: ile ilikuwa chekechea. Hatukutetemeka. Tulimwita kijana wa bodaboda, tukatoka geti letu, tukafuata barabara tukizunguka soko hadi mlango wa kanisa. Kilomita nzima kasoro kidogo! Dada akaandika barua ndefu ya kujitetea, akaigonga muhuri.

Siku ya ukaguzi alikuja afisa mmoja na wenzake wawili, na utepe mrefu wa kupimia. Hawakugusa barabara. Walipita uani, wakainamia kamba ya nguo zilizoanikwa, wakapandisha utepe juu ya ukuta. Mita 64. Dada akaanza kueleza habari ya bodaboda. Yule afisa akamsikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Mama, nyinyi mmepima barabara. Sisi tunapima hewa."

Tulienda kwa wakili tukiwa tumechemka. Akafungua Sura ya 2 ya sheria za Kenya, ile inayoeleza jinsi ya kufasiri sheria nyingine, akatusomea: umbali hupimwa kwa mstari ulionyooka, isipokuwa sheria husika iseme vingine. Akafunga kitabu. Hakututoza hata shilingi, na hilo ndilo lililotuuma zaidi. Kaunta ya mninga bado iko pale. Leo wanauzia juisi ya ukwaju.

Kwa hiyo pima mstari ulionyooka kwenye ramani ya simu, halafu mlipe mpimaji akuandikie ripoti, kabla ya kulipa kodi ya mwezi wa kwanza. Uliza chifu, uliza mama wa mboga, uliza makanisa na misikiti kuna darasa gani katikati ya wiki. Chekechea nyingi hazina hata kibao.

Kama una hakika uko nje ya mita 300 na bado umekataliwa, usianze kugombana ofisini. Omba sababu kwa maandishi. Kifungu cha 47 cha Katiba kinakupa haki hiyo pale uamuzi unapokuumiza. Fuata njia ya rufaa iliyo ndani ya sheria ya kaunti yako kwanza, kwa sababu ukikimbilia Mahakama Kuu kabla ya kuimaliza, mara nyingi utarudishwa. Jibu pingamizi kwa vipimo. Hasira za dada yangu zilijaza kurasa nne na hakuna aliyezisoma.

Mengine ni ya kawaida. Usinunue bia kabla ya karatasi kuwa mkononi. Mkataba wa nyumba uwe na kipengele cha kukutoa usipopata leseni. Wenye nyumba watanung'unika, waache wanung'unike. Asitokee mtu wa "nitakusaidia pale ofisini" ukampa pesa bila risiti. Weka nakala mbili za kila kitu, moja isikae hotelini. Na mwaka ukiisha ukienda kuomba tena, zunguka tena kwa miguu, maana hata kanisa lisilo na watoto mwaka huu…