Kula Matunda ya Wintagrini ya Porini: Anza na Jani, Si Tunda

Wintagrini (Gaultheria procumbens) hutambaa chini ya misonobari na mialoni, kwenye udongo wenye asidi, mashariki mwa Marekani na Kanada. Matunda yake mekundu yanaliwa. Hatari ni kuchuma tunda la mmea mwingine, na mafuta yake ya chupani.

1. Pima kimo. Mmea hauzidi sana sentimita 15. Majani ni magumu, yanang'aa, na hubaki kijani hata chini ya theluji. Kichaka kinachokufika kiunoni? Kipite.

2. Nusa jani. Lifikiche vidoleni. Lazima linukie dawa ya kuchua misuli, lisiponukia, usile. Futa vidole vizuri kabla ya kufikicha jani la mmea mwingine, kwa sababu harufu hii inang'ang'ania na kila utakachoshika kitaonekana wintagrini. Hata hivyo pua peke yake haitoshi: magome ya mti wa Betula lenta yananukia vilevile.

3. Geuza tunda. Upande usio na kikonyo utaona nyota ya ncha tano. Ukilipasua, nyama ni nyeupe na katikati mna mbegu nyingi ndogo mno. Tunda la Mitchella repens, mmea mwingine unaotambaa, lina vishimo viwili, na majani yake yameota mawili mawili yakitazamana; halidhuru, ila halina ladha hata kidogo. Mimea ya kuogopwa ni Convallaria majalis, wenye majani mapana yanayochomoza ardhini na sumu inayovuruga moyo, na Taxus canadensis, wenye majani kama sindano na mbegu moja yenye sumu ndani ya kikombe chekundu.

4. Onja mawili matatu, kisha subiri. Binafsi napenda yaliyovuka baridi hadi masika, yamenona.

5. Jua nani asile, kwa kuwa wintagrini ina salisileti, kemikali ya jamii ya aspirini. Mwenye mzio wa aspirini, anayetumia warfarini (dawa ya kuzuia damu kuganda), na mtoto mwenye mafua makali au tetekuwanga.

Mafuta ni habari nyingine kabisa. Kijiko kimoja cha chai cha mafuta halisi kina salisileti inayolingana na vidonge zaidi ya 20 vya aspirini vya miligramu 325, na kinaweza kumuua mtoto mdogo. Yafungie. Mtoto akiyameza, usingoje atapike: mkimbize hospitali, na chupa uibebe.